Joto la Nyumba Linaanzia Juu

Mhadhara kwa wakazi wa Kata ya Mkiwa, Wilaya ya Ikungi, Mkoa wa Singida



Nimeombwa nizungumzie joto la ndani ya nyumba. Nina jambo moja la kusema, na muda wote uliobaki ni wa kulitetea: joto linalotutoa jasho hapa Mkiwa tumelijenga wenyewe, tena kwa fedha nyingi. Tuko juu ya uwanda, zaidi ya mita elfu moja kutoka usawa wa bahari. Hata Oktoba, mwezi ambao kila mtu analalamika, hewa ya mchana huzunguka kwenye nyuzi 30, na usiku hushuka chini ya 20. Mtu wa Dar es Salaam akisikia takwimu hizo anatamani kuhamia. Kaa chini ya muarobaini saa nane mchana, upepo ukivuma, na usingizi utakuchukua. Kisha inuka uingie kwenye nyumba ya bati isiyo na dari, hatua chache kutoka pale ulipokuwa umekaa. Hewa ni ileile. Kilichobadilika ni kile kilicho juu ya kichwa chako.

Tuanze na jua lenyewe. Mkiwa iko nyuzi 5 na nusu hivi kusini mwa Ikweta, kwa hiyo jua hutupita utosini mara mbili kwa mwaka, mwanzoni mwa Machi na mwanzoni mwa Oktoba. La Machi hatulisemi sana kwa sababu lina mawingu, mvua na majani mabichi. La Oktoba linatukuta nchi imekauka tangu Mei, anga jeupe, hakuna hata wingu la kuazima. Adhuhuri ya siku kama hizo kila mita ya mraba ya paa hupokea karibu wati 1,000. Ni kama mtu amewasha pasi ya umeme akailaza juu ya kila mita ya bati lako akaenda zake. Nyumba ya mita 8 kwa 10 ina pasi 80 juu yake. Wakati huohuo ukuta wa kaskazini na ule wa kusini haupati jua la maana, maana jua linapanda mashariki, linapita juu, linashuka magharibi. Kwa hiyo mtu anayeanza kupambana na joto kwa kununua pazia anaanzia mahali pasipo na adui.

Sasa bati. Watu huuliza kama geji 28 itapunguza joto kuliko geji 30. Geji, yaani unene wa bati, ni habari ya upepo, mawe na miaka. Kwa joto haina msaada wowote. Bati ni chuma chembamba kisichofika nusu milimita, na joto hulivuka kabla hujamaliza kuvuta pumzi. Kinachoamua ni uso wake. Bati jipya la kung'aa hurudisha sehemu kubwa ya mwanga wa jua, lakini lile kidogo linalolimeza halijui kulitoa, ndiyo maana likiguswa mchana linaunguza. Likiota kutu linameza karibu kila kitu. Na haya mabati ya rangi tunayoyapenda sasa, ya maruni, ya bluu iliyokolea, ya kijani cha mnazi, yanafanya kazi ya kutu tangu siku ya kwanza yalipopigiliwa. Siku isiyo na upepo bati la rangi nzito huweza kupita nyuzi 60.

Bati la nyuzi 60 halihitaji kuigusa hewa ya chumbani ili likutese. Linakurushia joto moja kwa moja kama mionzi, kutoka juu hadi kwenye bega lako, vilevile moto unavyokupasha uso ilhali mgongo una baridi. Ukipiga hesabu kati ya bati la nyuzi 60 na vitu vya chini yake vyenye nyuzi 35, unapata takriban wati 150 kwa kila mita ya mraba zinazoshuka chumbani. Ndiyo sababu mtu hufungua madirisha yote, upepo ukapita, na bado anahisi kichwa kinachemka. Upepo unapoza hewa. Mionzi haijali upepo.

Babu zetu walilijua hilo bila hesabu. Nyumba ya asili ya uwanda huu, kwa Wanyaturu, kwa Wagogo, na kuendelea hadi Unyamwezi, ni tembe. Wapo hapa wazee waliozaliwa ndani ya tembe, kwa hiyo nisipolieleza vizuri watanisahihisha. Nguzo zenye panda husimikwa, mihimili ikalazwa juu ya panda, kisha magogo membamba na fito, kisha matawi na nyasi au mabua, na mwisho udongo, mara nyingi ule wa kichuguu kwa sababu hushikana na hauvujishi kirahisi. Unene wa paa hilo ulifika shubiri na zaidi. Kuta zilikuwa fito na udongo, fupi, zenye tundu dogo au zisizo na dirisha kabisa. Richard Burton alipokatiza Ugogo mwaka 1857 kuelekea Tabora aliyakuta matembe haya na kuyaandika, na nyumba aliyokaa Livingstone pale Kwihara, karibu na Tabora, mpaka leo inaitwa tembe.

Kazi ya lile paa la udongo ilikuwa kuchelewesha. Udongo hupokea joto polepole na kulisafirisha polepole. Unene wa sentimita 30 huweza kulichelewesha joto kwa saa nane hadi kumi. Lile la saa saba mchana linafika upande wa ndani saa nne ya usiku, nje kumeshapoa, na watu wanaanza kujifunika. Pale linakaribishwa. Alfajiri paa limeshapoa lote, na baridi yake nayo inachukua saa hizohizo kushuka, kwa hiyo adhuhuri unapata ubaridi wa jana usiku. Kuna jaribio mashuhuri la mwaka 1964 huko Cairo ambalo msanifu majengo wa Kimisri Hassan Fathy alilieleza katika maandishi yake: vilijengwa vyumba vya majaribio, kimoja cha matofali ya udongo na kingine cha mabamba ya zege. Cha udongo hakikuyumba zaidi ya nyuzi 2 hivi kwa siku nzima. Cha zege kilipanda hadi nyuzi 36. Bati letu bila dari ni baya kuliko zege lile, maana zege angalau lina unene.

Lakini mimi sikuja hapa kuwaambia mrudi kwenye tembe. Wanaolisifu sana tembe kwa kawaida ni watu wasiowahi kulala ndani yake. Mvua kubwa ya Januari ikipita siku tatu mfululizo, paa la udongo linavuja, na kabla ya hapo kila mwaka lazima lifanyiwe kazi. Mchwa wanakula nguzo. Moshi hauna pa kutokea. Na kulikuwa na papasi, wale kupe laini waliojificha kwenye nyufa za sakafu na kuta na kutoka usiku kunyonya damu, wakiacha homa inayokuja na kuondoka na kuja tena. Robert Koch, daktari mkubwa wa Ujerumani, alipokuja huku kwetu, wakati huo koloni la Wajerumani, mwaka 1905, moja ya kazi zake ilikuwa kuthibitisha kwamba homa hiyo inaletwa na papasi. Sakafu ya saruji na ukuta uliopigwa lipu vimemnyima papasi nyumba, na hilo ni jambo la kushukuru kila siku.

Bati nalo lina hoja yake, tena nzito. Mvua yetu ni msimu mmoja, takriban milimita 650 kwa mwaka, na miezi sita au saba hakuna kitu. Paa la mita za mraba 80 linaangukiwa na lita 52,000 katika msimu mmoja. Hata ukipoteza robo, unabaki na lita 39,000, na mama aliyewahi kusukuma baiskeli yenye madumu kutoka kisimani anajua maana ya nambari hiyo. Tembe halikupi hata ndoo moja ya maji safi. Tena kuna jambo la kuchekesha kidogo: watafiti waliofanya kazi Gambia walionyesha kwamba mbu wa malaria wanaojificha mchana kwenye nyumba za bati hufa zaidi kuliko wale wa kwenye nyumba za nyasi, kwa sababu ya jotojoto hilohilo tunalolilalamikia. Bati linampika mbu. Tatizo ni kwamba na sisi tumo ndani ya sufuria.

Mwaka 1977, katika tathmini yake ya miaka kumi ya Azimio la Arusha, Mwalimu Nyerere aliwasema vikali Watanzania kwa kung'ang'ania saruji na bati kana kwamba bila hivyo hakuna nyumba, huku udongo wa kufyatulia matofali na kutengenezea vigae upo chini ya miguu yao. Kuhusu ukuta, naona alikuwa sahihi kabisa. Tofali la kuchoma, au hata la udongo lililokingwa na mvua, ni zuri kwa hali ya hewa ya Singida kuliko bloku ya saruji ya inchi sita. Kuhusu paa nina shaka naye. Vigae ni bora kwa joto, ndiyo, lakini vinadai kenchi nzito na mbao nyingi, na tofali na kigae vyote vinakula kuni katika nchi ambayo miti yake imeshapungua. Watu waliochagua bati hawakuwa wamepooza akili. Walichagua maji, wakachagua paa ambalo mtu hulipigilia siku mbili akalisahau miaka ishirini. Walichosahau, na hakuna aliyewakumbusha, ni kwamba tembe lilikuwa paa na dari kwa pamoja. Tulipolishusha tulirudisha nusu moja tu.

Kwa hiyo rudisheni ile nusu nyingine. Mwenye shilingi ya kutumia kwa ajili ya joto aiweke juu kwanza, kabla ya feni, kabla ya madirisha ya aluminiamu, kabla ya chochote.

Dari hukata ile mionzi. Bati linaipasha dari, dari inapata moto kidogo, na wewe unaona dari badala ya kuona bati. Jipsamu ni nzuri, silingi bodi ni nzuri, mbao ni nzuri. Asiye na uwezo huo anaweza kushona sandarusi za mbolea au mikeka na kuibana chini ya papi. Haipendezi machoni, lakini mwanga wa joto hauna macho, unasimama palepale. Tahadhari tu na moto: dari ya sandarusi na kibatari havikai nyumba moja. Na karatasi ya alumini, ambayo maduka ya vifaa vya ujenzi mijini huiuza kwa mita, ndiyo yenye nguvu kuliko zote kwa bei yake. Ukiitandaza chini ya bati, ile hesabu ya wati 150 inashuka hadi wati 10 hivi. Sharti lake moja: uso unaong'aa lazima uangalie nafasi ya hewa. Ukiubana kwenye mbao au kwenye bati bila nafasi, umenunua urembo. Elekeza mng'ao chini, maana ukiuelekeza juu vumbi la kwetu litaufunika kwa msimu mmoja, na alumini yenye vumbi ni karatasi tu.

Juu ya dari pasifungwe. Ile hewa iliyonaswa kati ya bati na dari huchemka, kwa hiyo iachieni njia: matundu yenye wavu chini ya upenu pande zote mbili, na mengine juu kwenye pembetatu ya ukuta, karibu na kofia ya paa. Hewa ya moto itapanda yenyewe na kutoka, nyingine iingie chini. Fundi anayeziba kila tundu kwa saruji ili panya wasiingie anamkinga mwenye nyumba na panya na kumfungia joto. Wavu wa chuma unamzuia panya na kuliachia joto njia.

Watu wa pwani waliijua kanuni hii ya paa juu ya paa zamani. Ukienda Lamu utaziona nyumba za mawe zenye paa bapa la chokaa, na juu ya paa hilo watu wameinua paa lingine la makuti lililo wazi pande zote. Jua linagonga makuti, upepo unapita katikati, na chokaa ya chini inabaki kivulini.

Kuna na rangi nyeupe. Ahmedabad, mji wa India ambao joto la mwaka 2010 liliua watu wengi, ulitunga mpango wa kukabiliana na joto mwaka 2013, na miaka michache baadaye ukaanza kupaka mapaa ya mabanda ya maskini rangi nyeupe. Rangi nyeupe ikiwa safi hurudisha zaidi ya nusu ya jua, wakati mwingine robo tatu, na tofauti na bati la kung'aa, lile kidogo inalolimeza inalitoa vizuri kurudi angani. Kwa mabati yaliyokwishaota kutu ndiyo dawa ya bei nafuu kuliko kuezua. Sugueni kutu kwanza. Msitumie chokaa kwenye bati: haidumu mvua mbili, na chokaa mbichi haipatani na zinki. Chokaa iacheni ukutani. Na kwa kuwa maji ya paa tunayanywa, ulizeni dukani rangi isiyo na risasi, msione aibu kusoma kopo. Vumbi jekundu litaufubaza weupe huo, hilo haliepukiki. Mvua za kwanza za Desemba zitauosha.

Baada ya paa, ukuta wa magharibi. Hapa nina ugomvi na barabara.

Barabara kuu inayotoka Manyoni kwenda Singida, kwa ujumla wake, inapanda kutoka kusini kwenda kaskazini. Tangu enzi za vijiji vya ujamaa vya miaka ya sabini, viwanja vyetu vimepangwa kwa kamba iliyofuata barabara, na kila mtu anataka nyumba yake iangalie lami. Maana yake nini? Uso wa nyumba unaangalia mashariki au magharibi, na mgongo upande wa pili. Kuta mbili ndefu, zenye madirisha yote makubwa, ndizo zinazopigwa na jua la asubuhi na la jioni, jua la chini ambalo upenu hauwezi kulizuia hata ukiurefusha mita moja. Kuta fupi zisizo na dirisha ndizo zinazoangalia kaskazini na kusini, ambako upenu wa kawaida ungetosha kabisa, kwa sababu adhuhuri ya Juni jua la kaskazini liko juu nyuzi 61 na la Desemba kusini liko nyuzi 72. Tumegeuza nyumba kinyume ili ionekane na abiria wa basi ambao hata hawatutazami.

Bloku ya inchi sita huchelewesha joto kwa saa tatu nne tu. Ukuta wa magharibi uliopigwa na jua saa kumi jioni unalitoa upande wa ndani kuanzia saa moja hadi saa mbili usiku, hasa wakati watoto wanapelekwa kulala. Ikumbukwe pia kwamba jua letu linachelewa kuliko la Dar es Salaam kwa dakika 18 hivi, saa za ukutani zikiwa zilezile, kwa hiyo jioni yetu ina jua refu zaidi. Kama nyumba imeshajengwa hivyo, hamishieni vitanda upande wa mashariki na upande wa magharibi muufanye stoo, bafu au sebule. Nje ya ukuta huo simikeni kichanja, uacheni mdodoki au mmumunye upande, au hata mabua ya mtama yaliyosimamishwa kwa kuacha nafasi ya shubiri kati yake na ukuta. Na pandeni mti. Muarobaini na mjohoro inavumilia ukame wetu na haivui majani wakati tunapoyahitaji. Uzio wa miiba miaka miwili ya kwanza, basi. Usiupande karibu mno na msingi, na usiukate matawi ya juu kwa sababu ya waya wa umeme bila kujua unapoteza nini.

Anayeanza msingi sasa ana nafasi ambayo sisi wengine tumeikosa. Barabara inayotoka Makongolosi kupitia Rungwa na Itigi inaishia hapahapa Mkiwa, na lami inavyosogea, nyumba za kulala wageni na maduka vitaota njia panda. Barabara hiyo inakuja kutoka upande mwingine, na viwanja vingi vya pembeni mwake vinaweza kutazama kaskazini au kusini bila kuipa lami kisogo. Mheshimiwa Diwani, viwanja vikipimwa, jambo hili lisemwe kabla kamba haijavutwa.

Nimefika kwenye upepo, ambao ndio utajiri wetu. Mkoa huu unasifika kwa upepo hata wawekezaji wakaja na mipango ya kuuza umeme wake. Miezi ya kiangazi unatoka mashariki na kusini-mashariki, na usiku unakuja na hewa baridi ambayo mtu wa Dubai huilipia bili kila mwezi. Sisi tunaufungia nje. Saa kumi na mbili jioni madirisha yanafungwa kwa sababu ya mbu, vumbi, na wezi. Asubuhi saa tatu, hewa ya nje inapoanza kupata moto, yanafunguliwa ili nyumba ipate hewa. Tunaingiza joto mchana na kulifungia ndani usiku. Inatakiwa kinyume chake: mchana kuanzia saa nne fungeni madirisha na mapazia, hasa kama mna dari na kuta za tofali, jioni hewa ya nje ikishakuwa baridi kuliko ya ndani, fungueni kila kitu, kuta zipoe mpaka alfajiri.

Najua ni rahisi kusema. Sababu tatu nilizozitaja ni za kweli, mwizi haswa. Basi tujenge tukilenga hizo sababu. Chumba chenye dirisha moja hakina upepo, kina tundu tu. Hewa haiingii mahali isipoweza kutokea. Kila chumba kiwe na matundu katika kuta mbili. Tundu la upande wa upepo liwe chini, lile la pili liwe juu, karibu na lenta au juu yake, jembamba kiasi ambacho mtoto hawezi kupita, lenye nondo na wavu wa mbu. Tundu la namna hiyo halina haja ya kufungwa maisha. Kijijini Magoda, wilayani Muheza mkoani Tanga, watafiti walijenga nyumba za mfano zenye kuta zinazopitisha hewa, nyingine za ghorofa moja juu, na vyumba vya kulala vya juu vilikuwa na ubaridi zaidi na mbu wachache kuliko nyumba za kawaida za kijiji hicho. Ghorofa ni ndoto kwa wengi wetu. Lakini ule wavu na lile tundu la juu si ndoto.

Feni nimeulizwa na vijana hata kabla sijapanda hapa. Feni haipozi chumba. Inapoza ngozi yenye jasho. Hewa ya chumbani ikipita nyuzi 35 inakupulizia moto. Iwekeni dirishani usiku ikivuta hewa ya nje, itafanya kazi kubwa zaidi kuliko ikizunguka katikati ya dari mchana. Na hewa yetu ya Agosti hadi Novemba ni kavu, jambo ambalo watu wa pwani hawana. Mtungi wa udongo unapoza maji kwa sababu hiyo. Lita moja ya maji ikikauka inabeba joto la karibu theluthi mbili ya uniti moja ya umeme. Shuka iliyoloweshwa na kutundikwa dirishani panapoingia upepo itapoza chumba hapa, na ingeshindwa kabisa Tanga. Mwenye maji haba asipoteze maji ya kunywa kwa ajili hiyo. Maji yaliyotumika kufulia yanatosha.

Na jiko litoke nje. Nasikitika kulisema jambo lililo wazi kiasi hiki, lakini nyumba nyingi nilizopita bado maharage yanachemkia saa tatu nzima kwenye chumba kinachopakana na chumba cha kulala.

Walimu, nimalizie kwenu. Darasa la watoto 50 lina kitu kama wati 3,000 na zaidi zinazotoka kwenye miili yenyewe, chini ya bati tupu, na mvua ikinyesha hakuna anayesikia somo. Kabla kamati ya shule haijanunua kitu chochote, tafuteni vipimajoto viwili vya bei ya chini. Oktoba ikianza, kimoja kitundikwe katika darasa lisilo na dari na kingine katika ofisi yenye dari, vyote kimo cha kichwa cha mtoto aliyeketi, mbali na ukuta na mbali na mlango. Wanafunzi wa darasa la sita waandike nambari saa moja asubuhi, saa saba na saa tisa, kwa majuma mawili. Kama bado lipo tembe linalokaliwa kijijini, mwombeni mwenyewe kipimajoto cha tatu kikae ndani kwake. Kisha pakeni darasa moja tu rangi nyeupe juu, acheni la jirani kama lilivyo, na mpime tena majuma mawili. Daftari hilo mlilete kwenye mkutano wa kijiji wakati wa kugawa bajeti ya madarasa mapya.